Kliniki ya mkoba kijijini: mwongozo kamili, kuanzia kibali mpaka siku ya kurudi

Swali hili naulizwa kila mara na watu tofauti kabisa, mara nesi, mara mhudumu wa afya wa jamii, mara kikundi cha vijana waliochangishana nauli: "siku ya kwanza walikuja watu mpaka tukazidiwa, mara ya pili wakaja nusu, mara ya tatu tumekaa chini ya mti na boksi la chanjo hakuna mtu, tumekosea wapi?" Na karibu wote wanadhani shida ni uhamasishaji, eti watu wa kijijini hawana mwamko. Mimi huwa nawauliza kitu kimoja tu: wale mliowakuta na presha ya juu mwezi wa kwanza ni kina nani na saivi wako wapi? Kimya. Hawana orodha. Sasa mtu umempima umemwambia ana presha alafu hakuna aliyemfuata tena wala dawa hajapata, mwezi unaofuata arudi kufanya nini?

Kwa hiyo haya ni maelezo kwa mtu anayetaka kliniki ambayo mwakani bado itakuwepo. Kliniki ya mkoba ni ile ambayo wahudumu wanatoka kituoni na vifaa vyao, wanatoa huduma kijijini siku moja, jioni wanarudi. Soma yote kwanza ndo uanze, maana hatua ya 9 inaamua utakachobeba kwenye hatua ya 5.

## Vitu vya kuwa navyo kabla hujaenda popote

Watu. Nesi au tabibu mwenye leseni angalau mmoja, mtu wa kuandika rejista ambaye hafanyi kazi nyingine yoyote siku hiyo, na mhudumu wa jamii anayeishi pale pale kijijini. Huyu wa mwisho ndo muhimu kuliko wote, wengi humsahau.

Vya chanjo. Boksi la kubebea chanjo lenye chupa zake za barafu na ile sponji ya juu, kipimajoto cha ndani ya boksi, chanjo na maji yake ya kuchanganyia ya kiwanda kile kile, sindano zinazojifunga zenyewe baada ya kutumika mara moja, sindano za kuchanganyia, boksi la kutupia sindano.

Vya kupimia. Mashine ya presha yenye mikanda ya saizi zaidi ya moja (mkanda mdogo kwenye mkono mnene unatoa presha ya uongo), mizani ya watoto na ya wakubwa, tepu ya kupimia mkono wa mtoto, kipimajoto cha mwili, vipimo vya haraka vya malaria kama eneo lina malaria, saa yenye mshale wa sekunde au simu.

Dawa. Zile tu ambazo kituo chako kimekubali kutoa na wewe una ruhusa ya kuzitoa. ORS (unga wa chumvi na sukari wa kuchanganya na maji kwa anayehara) na zinki zisikosekane. Adrenalini ya dharura (sindano ya mzio mkali) iwepo, na karatasi ya dozi zake kwa umri iwe imebandikwa ndani ya mfuniko wa sanduku, maana mtu akizidiwa mbele yako akili ya kukumbuka dozi inapotea.

Karatasi. Rejista, kadi za kliniki, fomu za rufaa zenye nakala, na kisanduku cha kadi chenye vyumba 12, nitakieleza mbele.

Vya usafi. Ndoo yenye koki, sabuni, glavu, sanitaiza, mifuko ya taka.

## Hatua ya 1: Tafuta kituo kitakachokulea

Usianze na kijiji. Anza na zahanati au kituo cha afya kilicho karibu zaidi na hicho kijiji, hata kama ni mwendo wa saa tatu.

Sababu ni kwamba chanjo zinatunzwa pale, dawa za mwezi ujao zitatoka pale, mgonjwa wa rufaa atapokelewa pale, na watoto utakaowachanja lazima waingie kwenye hesabu zao vinginevyo wataagiza chanjo pungufu. Kliniki isiyo na kituo mlezi inakufa siku mfadhili akichoka.

Kaa na mganga mfawidhi, yaani mkuu wa kituo, muandikishane mambo manne: nani anatoka, siku gani, chanjo na dawa kiasi gani, na nani anapokea rufaa. Mkimaliza mkaripoti kwa wakubwa wa afya wa eneo hilo.

Angalizo: mtu asiye na leseni hachomi sindano wala haandiki dawa, hata kama ana roho nzuri kiasi gani, na daktari mgeni anahitaji kibali cha nchi anayofanyia kazi. Kijiji sio mahali pa kujifunzia.

Utajua umefanikiwa ukiona siku yenu imeandikwa kwenye ratiba ya ukutani pale kituoni kwa mwandiko wa mfawidhi mwenyewe.

## Hatua ya 2: Kaa na kijiji kabla hujabeba hata sindano moja

Nenda mikono mitupu. Ongea na viongozi, ndiyo, ila usiishie kwao, maana ukiishia kwa viongozi utapewa uwanja mzuri wa mikutano ulioko karibu na ofisi na mbali na kina mama wote. Omba kukaa na kina mama peke yao. Waulize maji wanachota saa ngapi, shambani wanatoka saa ngapi, njia gani haipitiki mvua ikinyesha, na mwisho waulize swali gumu, mara ya mwisho walipoenda kituoni walitendewaje. Nyamaza wasimulie. Kuna vitu utasikia hapo ambavyo hakuna ripoti itakwambia, mama mmoja atasema alifokewa kwa sababu kadi ilikuwa imelowa, na tangu siku hiyo hajarudi, na jirani zake watano nao hawajaenda.

Wakunga wa jadi waite na uwape kazi. Wao wanajua nani ana mimba hata kabla mume hajajua. Ukiwadharau wataficha, ukiwashirikisha watakuletea wajawazito mapema na watakuwa wa kwanza kukupigia simu uchungu ukienda vibaya.

Alafu chora ramani na wahudumu wa jamii, hata kwa kijiti mchangani, mkihesabu kaya kwa kaya. Unatafuta namba tatu: watoto chini ya mwaka mmoja, wajawazito, na watu ambao tayari wanajulikana kuwa na ugonjwa wa kudumu kama presha, sukari, kifafa.

Utajua umefanikiwa ukiwa na namba hizo kwenye daftari na mahali pa kliniki pamechaguliwa na kina mama.

## Hatua ya 3: Chagua siku isiyobadilika

Siku ya wiki na wiki ya mwezi, kwa mfano Jumanne ya pili. Tarehe kama "tarehe 14" watu wanaisahau na mwezi mwingine inaangukia siku ya ibada au ya soko. Ukishachagua usiguse. Kama huna uhakika wa mafuta ya usafiri kwa miezi sita mfululizo basi usianze kwanza, tafuta mafuta. Naongea kwa ukali kidogo hapa kwa sababu mama aliyetembea saa mbili na mtoto mgongoni akakuta hakuna mtu, huyo umempoteza, na atawaambia wenzake.

## Hatua ya 4: Amua utafanya nini na nini utaacha

Usipime kitu ambacho huwezi kukitibu au kukifuatilia. Kupima sukari watu 200 bila dawa wala mahali pa kuwapeleka ni kuwagawia hofu tu.

Mimi nashauri kuanza na hivi: chanjo za watoto, kupima ukuaji, huduma ya wajawazito, homa na kuhara na kikohozi kwa watoto, na dawa za kuendelea kwa wenye ugonjwa wa kudumu waliokwisha sajiliwa kituoni. Uzazi wa mpango uingie kama una sehemu ya faragha ya kweli. Hizi ukizimudu miezi sita ndo uongeze.

Kwa wajawazito kumbuka Shirika la Afya Duniani tangu mwaka 2016 linapendekeza mama aonane na mhudumu angalau mara 8 katika mimba moja. Kliniki ya mara moja kwa mwezi inaweza kubeba sehemu kubwa ya hizo, ila za mwisho mwisho zinakaribiana sana kwa hiyo panga na mama mapema lini ataenda kituoni na atajifungulia wapi.

## Hatua ya 5: Barafu, usiku wa kuamkia na asubuhi

Hapa naomba usome taratibu. Watu wengi wanaogopa joto tu, wanajaza barafu ngumu kwenye boksi wakidhani ndo usalama, kumbe wanaua chanjo kwa baridi.

Chanjo nyingi zinatakiwa zikae kati ya nyuzi joto 2 na 8. Ile ya matone ya polio inaharibika haraka na joto. Lakini pentavalenti (chanjo moja ya magonjwa matano), homa ya ini B, nimonia, pepopunda, polio ya sindano na HPV (ya kuzuia saratani ya mlango wa kizazi) zinaharibika zikiganda, na homa ya ini B inaweza kuganda kwenye nusu nyuzi tu chini ya sifuri. Ikishaganda na kuyeyuka unaiona ni maji ya kawaida tu, unamchoma mtoto, anavumilia maumivu, na kinga hapati. Hakuna atakayejua mpaka ugonjwa uje.

Nilishafungua boksi saa nne asubuhi nikakuta vichupa vya pentavalenti vya pembeni vimeshikana na chupa ya barafu, vina ukungu mweupe. Barafu ilitoka kwenye friza ikaingizwa moja kwa moja. Tulivitenga vyote, na kina mama walikuwa wameshapanga foleni. Nilimfuata kila mmoja nikamweleza na kumpa siku nyingine, na tulirudi siku hiyo hiyo tuliyosema.

Fanya hivi:

1. Chupa za barafu zijazwe maji ziachwe nafasi kidogo juu, zikae kwenye friza saa 24 au zaidi.
2. Asubuhi zitoe, zipange mezani bila kubebana, subiri. Muda unategemea joto la chumba kwa hiyo usiangalie saa, sikiliza. Ishike chupa karibu na sikio uitikise. Ukisikia maji yanacheza ndani na kipande cha barafu kinagonga, iko tayari. Kama iko kimya kama jiwe, bado. Tikisa moja moja, zote.
3. Zifute unyevu, zipange pande zote nne za boksi, chanjo katikati zikiwa kwenye mfuko, kipimajoto pembeni yake, sponji juu, funika.
4. Maji ya kuchanganyia nayo yawe yamepozwa kwenye friji tangu jana. Yasigandishwe kamwe.

Kama boksi lako ni lile la kisasa lenye kuta zinazozuia kuganda, fuata maelezo yake, hilo limetengenezwa kupokea barafu ngumu.

Kabla ya kufunga angalia alama ya kwenye kichupa, lile duara lenye mraba ndani. Mraba ukiwa mweupe kuliko duara, tumia. Mraba ukilingana na duara au ukiwa mweusi zaidi, tupa. Ila alama hiyo inaonyesha joto peke yake, kuganda haionyeshi.

Ukihisi kichupa kiliganda (isipokuwa cha polio ya sindano, kipimo hiki hakikifai), chukua kingine cha aina ile ile, kiwanda kile kile na toleo lile lile, kigandishe kabisa makusudi, kiache kiyeyuke, alafu tikisa vyote viwili uviweke mezani pamoja. Kile ulichogandisha kitatuama haraka, chini mashapo juu maji maangavu. Kama unachokitilia shaka kinatuama kwa kasi ile ile au zaidi, kimeharibika. Chenye afya kinabaki na wingu lake muda mrefu.

Utajua umefanikiwa ukifika kijijini kipimajoto kinasoma kati ya 2 na 8, na jioni bado.

## Hatua ya 6: Panga eneo

Watu waingie upande mmoja watokee upande mwingine, wasipishane. Kivuli kiwepo, hasa mahali pa kusubiri. Mpangilio wangu ni huu: benchi la kusubiri, mtu wa kuchuja, rejista, vipimo, chanjo na matibabu, benchi la kusubiri dakika 15 baada ya chanjo, kisha meza ya mwisho ya kumpa mtu siku yake ya kurudi. Pembeni kabisa chumba au pazia la kuongea siri. Kama watu wa foleni wanasikia unachoongea na mgonjwa, basi hapo hakuna faragha, sogeza.

Yule wa kuchuja ndo mlinzi wa kliniki yako. Anapita kwenye foleni kila baada ya muda mfupi akitafuta mtoto asiyeweza kunyonya au kunywa, anayetapika kila kitu, aliyepata degedege, aliyelegea au hazinduki. Na kwa mjamzito: damu, kichwa kuuma sana na kuona ukungu, degedege, homa, chupa ya uzazi kupasuka, mtoto kupunguza kucheza. Hao hawapangi foleni.

## Hatua ya 7: Kutoa huduma yenyewe

Chanjo. Osha mikono. Kichupa kitoke kwenye boksi kimoja kimoja, kilichofunguliwa kikae kwenye matundu ya sponji, usiwahi kukiegemeza kwenye barafu mezani. Surua na BCG (ya kifua kikuu) zinachanganywa na maji yake tu, kila kichupa kwa sindano yake mpya ya kuchanganyia, unaandika saa uliyochanganya, na baada ya saa 6 au kliniki ikifungwa, kipi kitatangulia, unatupa kilichobaki. Sharti hili usilipunguze hata kidogo. Mwaka 2014 kaskazini mwa Syria watoto 15 walifariki kwa sababu kichanganyio cha surua kilikosewa, wakawekewa dawa ya kulegeza misuli. Mwaka 2017 Sudan Kusini wakafa wengine 15, sindano moja ya kuchanganyia ilitumika siku nne na chanjo haikuwa kwenye baridi. Kwa hiyo kwenye boksi la chanjo na friji ya chanjo isiingie dawa nyingine yoyote, hata iwe kwa dakika tano tu.

Akija mtoto mmoja tu wa surua, fungua kichupa. Najua inauma kutupa dozi tisa, ila mtoto huyo ukimrudisha nyumbani huna uhakika utamwona tena. Na aliyechelewa dozi haanzi upya, anaendelea alipoishia kwa kufuata ratiba ya nchi yake.

Mwambie mama mambo manne kabla hajaondoka mezani: amechanjwa nini, anaweza kupata homa kidogo na afanye nini, arudi lini, na kadi aitunze. Akurudishie kwa maneno yake. Akishindwa kosa ni la maelezo yako, rudia.

Pumzi. Mtoto anayekohoa hesabu pumzi dakika nzima, sekunde 60 kamili, akiwa ametulia kwa mama yake, nguo imepandishwa uone tumbo na kifua. Ukihesabu sekunde 15 ukazidisha kwa nne utakosea. Pumzi za haraka ni 60 au zaidi chini ya miezi 2, 50 au zaidi kwa miezi 2 mpaka 11, 40 au zaidi kwa mwaka 1 mpaka 5. Mchanga wa chini ya miezi 2 ukimkuta hivyo usitibu pale, rufaa. Kifua kikibonyea ndani akivuta pumzi, mpeleke kituoni siku hiyo hiyo.

Kuhara. ORS pakiti moja kwenye kiasi cha maji safi kilichoandikwa kwenye pakiti, nyingi ni lita moja, inatumika ndani ya saa 24 kisha unamwaga. Zinki miligramu 20 kwa siku kwa siku 10 mpaka 14, chini ya miezi 6 ni miligramu 10. Changanya ya kwanza mbele ya mama, na yeye achanganye ya pili wewe ukimwangalia. Mama ataacha zinki kuhara kukikata siku ya tatu, mwambie kabisa hilo litatokea na kwamba amalize dawa zote.

Mkono. Kwa watoto wa miezi 6 mpaka 59, mkono wa kushoto, katikati ya bega na kiwiko, mkono umening'inia, tepu isibane wala isilegee. Chini ya sentimita 11.5 ni utapiamlo mkali, 11.5 mpaka chini ya 12.5 ni wa wastani. Bonyeza pia miguu yote miwili juu ya unyayo kwa kidole gumba sekunde tatu, shimo likibaki miguu yote ni hatari hata kama tepu inasoma vizuri.

Presha. Mtu akae dakika 5 kwanza, mgongo umeegemea, miguu chini, mkono usawa wa moyo, mkanda kwenye ngozi, asiongee na wewe usiongee. Pima mara mbili. 140 kwa 90 au zaidi siku moja tu kwa mtu mzima asiye mjamzito usimpe jina la ugonjwa bado, mpe siku ya kupima tena. 180 kwa 110 au zaidi ukirudia bado iko hivyo, rufaa siku hiyo. Mjamzito mwenye 140 kwa 90 asisubiri mwezi ujao.

## Hatua ya 8: Rufaa inayofika

Kumwambia mtu "nenda hospitali" haitoshi. Rufaa ina vitu vitano: fomu yenye ulichokiona na ulichompa, usafiri uliopangwa, mtu wa kumsindikiza, simu iliyopigwa kituoni kabla hajaondoka, na simu ya pili jioni kuuliza kama amefika.

Usafiri panga na kijiji kwenye hatua ya 2, kabla ya mgonjwa yeyote: nani ana pikipiki au gari, atalipwaje, namba yake iko kwa nani, na mvua ikikata njia inakuwaje. Muulize pia mgonjwa kinachomzuia. Mara nyingi ni watoto aliowaacha nyumbani au ruhusa ya mtu fulani, na mhudumu wa jamii anaweza kulimaliza hapo hapo.

## Hatua ya 9: Kisanduku cha kadi

Ukisahau yote niliyoandika, hii ibaki.

Chukua kisanduku, kigawe vyumba 12 kwa karatasi ngumu, andika miezi. Kila mtu anayetakiwa kurudi anapata kadi mbili, moja anaondoka nayo, ya pili unaitupia kwenye chumba cha mwezi atakaorudi. Jina, jina la mama au mkuu wa kaya, mtaa, namba ya simu kama ipo, anarudi kwa ajili gani. Mtoto wa pentavalenti ya pili anaingia mwezi ujao, mjamzito hivyo hivyo, mzee wa presha hivyo hivyo.

Kabla ya kufungasha chanjo toa kadi za mwezi huo uzihesabu, na kijijini uziweke mezani. Hapo ndo unajua dozi ngapi za kubeba, kwa sababu unaowategemea wote umewashika mkononi. Mtu akija unahudumia alafu kadi yake unaihamishia mwezi wake mwingine. Jioni kadi zilizobaki mezani ndo watu ambao hawakuja. Huhitaji kompyuta, umeme wala intaneti.

Hizo zilizobaki mpe mhudumu wa jamii jioni ile ile, na ndani ya wiki moja awe amegonga kila mlango. Asiende kufokea mtu, aulize tu kimetokea nini. Majibu yaandikwe nyuma ya kadi: "alikuwa msibani", "amehamia kwa mama yake", "mtoto alipata jipu baada ya sindano". Hilo la mwisho nesi alifuatilie mwenyewe, haraka, maana jipu moja lisiloelezwa linafukuza mtaa mzima.

Kadi zina siri za watu. Zikae kwenye sanduku lenye kufuli, na magonjwa nyeti yaandikwe kwa alama mnayoijua wenyewe, maana mhudumu anatembea nazo njiani.

Utajua umefanikiwa pale kadi zinazobaki mezani zinapopungua mwezi hadi mwezi. Urefu wa foleni usikudanganye.

## Hatua ya 10: Taka na kufunga

Sindano ikitoka mwilini inaingia kwenye boksi pale pale, bila kuifunika tena kifuniko, maana hapo ndo watu wanajichoma. Boksi likifika robo tatu lifunge, usilisindilie. La lita 5 linabeba kama sindano 100. Maboksi yote yarudi kituoni, hakuna kuchoma wala kufukia kijijini, watoto wanafukua.

Akijichoma mtu: osha kwa maji yanayotiririka na sabuni, usikamue, piga simu kituoni na aanze dawa za kinga dhidi ya virusi vya UKIMWI mapema iwezekanavyo, mwisho saa 72.

Hesabu vichupa, rudisha kwenye friji vile ambavyo havijafunguliwa na alama zake bado nzuri, jaza rejista ya kituo usiku huo huo.

## Siku ukishindwa kwenda

Gari litaharibika, mto utafurika, nesi ataumwa. Mpigie mhudumu wa jamii kabla watu hawajatoka nyumbani, yaani alfajiri, sio saa nne. Mpe siku mbadala ndani ya wiki ile ile na yeye aitangaze kwa njia ambayo kijiji kinaitumia, msikitini, kanisani, shuleni, nyumba kwa nyumba. Wenye dawa za kifafa, presha na sukari wanaoishiwa siku hiyo wapate dawa zao hata kwa kutumwa na pikipiki, majina yao yako kwenye kadi za mwezi huu. Na siku utakayofika, kabla ya kufungua rejista, simama mbele ya benchi uombe radhi na useme kilichotokea.